Ekari Zimegawanywa, Sahihi Bado ya Mzee

Biashara ya familia katika eneo la Ziwa, kaskazini mwa jiji la Eldoret, aghalabu haina bango wala jina lililosajiliwa. Ni shamba la mahindi, ng'ombe wa gredi wanaokamuliwa kabla ya jua kuchomoza, trekta lililozeeka pamoja na mwenyewe, pengine posho mill, na ploti yenye vyumba vya kukodisha pale senta. Ukimuuliza mwenyewe kazi yake atakwambia yeye ni mkulima tu. Hata hivyo huajiri, hukopa, hukodi mashamba ya majirani, hubishana bei na madalali, na huamua lini mahindi yauzwe na lini yakae stoo yakingoja bei ipande. Hiyo ni kampuni, ila mkurugenzi wake havai tai.

Kampuni za namna hiyo sasa zimefika njia panda, na zimefika karibu zote kwa wakati mmoja. Sababu iko katika historia. Uwanda wa Uasin Gishu, ambako Ziwa ipo, ulikuwa mikononi mwa walowezi, wakiwemo Makaburu waliowasili mwaka 1908 kutoka Afrika Kusini na magari yao ya kukokotwa na ng'ombe. Baada ya uhuru wa 1963 mashamba hayo yakaanza kuuzwa. Wapo waliokopa kwa Shirika la Fedha za Kilimo, AFC. Wengine walichanga: waliunda vyama vya ushirika na kampuni za kununua ardhi, kila mmoja akatia alichokuwa nacho, akapewa hisa, na baadaye shamba likapimwa na kila mwenye hisa akaonyeshwa kipande chake. Aliyenunua mwaka 1970 akiwa na miaka 30 leo, kama yu hai, ameshapita 80. Kizazi kilichonunua pamoja kinazeeka pamoja.

Kugawa ekari kwenyewe si jambo geni. Mzee huwaita wanawe, humwita sorovea au huhesabu tu hatua kutoka ua mmoja hadi mwingine, na kila kijana huonyeshwa pake. Kitinda mimba kwa kawaida hubaki na boma la wazazi, kwa desturi ya Wakalenjin. Mwaka huohuo kijana anajenga, anaoa, anapanda. Majirani husema mzee amefanya jambo la busara, amegawa mapema, hatawaachia watoto vita.

Ila mtu akichunguza karatasi, hakuna kilichogawanywa. Hati ya shamba zima ingali kwa jina la mzee, ndani ya sanduku la bati chumbani kwake. Akaunti ya benki ni yake. Nambari ya uanachama katika chama cha maziwa ni yake, na malipo ya mwisho wa mwezi huingia kwake. Hata mbolea ni yake: serikali ilipowasajili wakulima mwaka 2023 ili wapate mbolea ya ruzuku, iliyokuwa ikiuzwa kwa Sh2,500 gunia la kilo 50, katika boma nyingi aliyeandikishwa ni yule ambaye shamba linajulikana kwa jina lake, na ujumbe wa kumruhusu kuchukua mbolea huja kwenye simu yake. Kwa hiyo mwanamume wa miaka 45, mwenye watoto sekondari, aliye na ekari kumi za kuonyeshwa, bado humwendea baba kumwomba amsomee ujumbe wa simu.

Hapo ndipo urithi wa biashara unapotofautiana na urithi wa mali. Mali hugawanyika kwa kamba na vigingi. Uongozi, yaani nani anaamua, nani anatia sahihi, nani anajua deni lililo AFC na lini linalipwa, hauna kigingi. Katika boma nyingi za Uasin Gishu ekari hutoka mikononi mwa mzee miaka ishirini kabla ya sahihi kutoka.

Si haki kumlaumu mzee moja kwa moja. Mkulima hana pensheni. Mwalimu aliyestaafu Eldoret ana kitu kinachoingia kila mwezi hata kama watoto wamemsahau. Mkulima ana ardhi, na ardhi isipokuwa kwa jina lake hana neno mezani. Ameona pia mambo. Ameona hati iliyohamishwa ikapelekwa benki kuwa dhamana ya mkopo wa matatu, matatu ikaanguka, dalali wa mnada akaja na wageni kuangalia shamba. Ameona ekari zikikodishwa kwa watu wa nje kwa misimu mitano mfululizo huku mrithi akikaa mjini. Akikataa kutia sahihi anafanya hesabu, na hesabu yake si mbovu. Ubovu wake ni mmoja: inamchukulia yeye kuwa hafi.

Tuchukue kifo kilichotokea Februari. Mahindi ya Uasin Gishu ni ya msimu mmoja kwa mwaka. Hupandwa mvua ndefu zinapoanza, Machi kwenda Aprili, na kuvunwa kuanzia Oktoba. Anayechelewa kupanda hupunguza mavuno yake mwenyewe. Sasa benki imepata habari ya msiba na akaunti imefungwa. Ili ifunguliwe familia inahitaji barua ya chifu yenye majina ya warithi wote, ombi mahakamani, tangazo katika Gazeti Rasmi la serikali na siku 30 za kungoja pingamizi. Mahakama ikitoa hati ya usimamizi wa mirathi, kwa kawaida hupita miezi sita kabla ya hati hiyo kuthibitishwa, na ugawaji wa kweli hufanyika baada ya hapo. Haya ni mambo yakienda vizuri, ndugu wote wakiwa wamekubaliana na hakuna mama wa pili aliyejitokeza siku ya mazishi na watoto wake.

Katikati hapo, kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi kinamkataza yeyote asiye na kibali kugusa mali ya marehemu. Kuuza ng'ombe wa marehemu ili kununua mbegu ni kosa la jinai, na adhabu yake ni faini isiyozidi Sh10,000, kifungo kisichozidi mwaka mmoja, au vyote viwili. Wengi hufanya hivyo wala hawashtakiwi. Lakini ndugu wakikosana, kile kifungu huwa silaha ya kwanza kuchomolewa. Ipo njia ya dharura ambayo watu wachache huijua: mahakama inaweza kutoa kibali cha muda, chenye mipaka, cha kukusanya na kulinda mali isiharibike huku ombi kuu likisubiri. Wakili wa Eldoret anayejua kazi yake huianza wiki ileile, bila kungoja arobaini.

Mama naye amekaa wapi katika hesabu hii? Tangu zamani za KCC, kampuni ya maziwa, katika boma nyingi za Wanandi na majirani zao, maziwa ya asubuhi yalikuwa ya kuuza na fedha zake zikawa za baba. Ya jioni yalikuwa ya mama, ya chai, ya mursik (maziwa yaliyochachushwa) na ya kumpa jirani. Ilikuwa mamlaka iliyogawanywa kwa saa za siku, na ilifanya kazi. Matokeo yake ni kwamba mtu anayejua ng'ombe gani amepungua maziwa, nani anadaiwa na vibarua wangapi wanahitajika kupalilia mara nyingi ni mama, ijapokuwa jina lake haliko kwenye karatasi yoyote. Familia zinazokaa kujadili mrithi huhesabu vijana tu, zikamruka meneja aliyekuwepo miaka yote.

Eldoret haijakosa mifano ya mambo kuharibika kwa wenye mali kubwa. Kiwanda cha mbao cha Rai Plywoods, kinachojulikana na wengi kwa jina la Raiply, ni cha familia ya Rai na kipo hapohapo mjini. Mgogoro wa wanahisa ndani ya familia hiyo ulianza miaka ya 1990, mwana na wenzake upande mmoja, baba na wenzake upande wa pili, ukapita Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa. Katiba mpya ya 2010 ilipounda Mahakama ya Juu, kesi ikapandishwa huko. Kufikia uamuzi wa mwaka 2013 baba, Tarlochan Singh Rai, alikuwa ameshafariki na jina lililosimama upande wake lilikuwa la mirathi yake. Mahakama ilikataa kufungua upya jambo lililokwisha kuamuliwa kabla haijazaliwa. Leo mawakili huinukuu kesi hiyo wakizungumzia lini jaji ajiondoe katika kesi na lini mahakama iache uamuzi wake wa awali. Ni wachache wanaokumbuka kwamba chanzo chake kilikuwa mbao na hisa za Eldoret. Kwa upande wa mashamba, Jackson Kibor, mkulima mkubwa na mwanasiasa wa siku nyingi wa Uasin Gishu, alifariki Machi 2022, na mabishano ya wosia na mali yake yakafika mahakamani Eldoret.

Lakini mfano unaofundisha zaidi uko Rongai, katika kaunti ya Nakuru, kwa sababu una pande mbili zilizotoka tumbo moja. Ndugu wawili, Joram Kamau na Peter Mukuha Kago, walikuwa wafanyabiashara wa duka. Wa kwanza akaanzisha biashara ya maduka makubwa iliyokuja kuitwa Tuskys, wa pili iliyokuja kuitwa Naivas. Kila mmoja alikuwa na watoto kadhaa, na kila mmoja aliacha biashara inayokua.

Kamau alifariki mwaka 2002. Wanawe waliendelea, wakapanua, wakafika matawi zaidi ya 60, Eldoret ikiwemo. Kwa mteja aliyesukuma kigari cha bidhaa, hiyo ilikuwa picha ya mafanikio. Ndani, ndugu walikuwa wenye mali na mameneja kwa wakati mmoja, na hakuna aliye juu yao wa kuwaamua. Kuanzia mwaka 2012 tuhuma za fedha kuchotwa zilitoka hadharani, ndugu akamshtaki ndugu, wakabishana nani akae ofisini na nani atoke. Mwaka 2020 wauzaji wa bidhaa hawakulipwa, wenye majumba hawakulipwa kodi, rafu zikabaki tupu na matawi yakafungwa moja baada ya jingine. Ushindani ulichangia, Korona ilichangia. Lakini duka kubwa huishi kwa mkopo wa wauzaji, na wauzaji hawamkopeshi mtu wasiyejua kama kesho ndiye mwenye sahihi.

Kwa binamu zao mambo hayakuwa shwari pia, na hilo husahauliwa na wanaoisifu Naivas. Mukuha alifariki mwaka 2010. Kampuni ya Massmart ya Afrika Kusini ilipotaka kununua sehemu kubwa ya Naivas mwaka 2013, mmoja wa watoto alikwenda mahakamani akidai hisa zake, na biashara hiyo ikavunjika. Simon Gashwe Mukuha, aliyekuwa akiongoza, akafariki ghafla mwaka 2019. Biashara nyingi za familia zingeishia hapo. Hii haikuishia, kwa kuwa kiti chake kilikuwa na wa kukikalia: nduguye David Kimani alikuwa ndani ya uongozi muda wote, anajulikana na benki na wauzaji. Kisha familia ikafanya ambalo wazee wa Ziwa wangeliona kuwa msiba: ikauza. Wawekezaji wakaingia kwanza kwa sehemu ndogo, halafu mwaka 2022 kundi linaloongozwa na IBL ya Mauritius likachukua asilimia 40, na mwaka uliofuata likaongeza hadi 51. Wapo wanaosema familia imepoteza duka. Kwa jicho la mwandishi huyu, wamefanya kitu kigumu kuliko kuanzisha: wameamua wenyewe, wakiwa hai na wakisikilizana, nani aongoze na kwa bei gani.

Katika shamba, jambo hilo huanza na swali la nani ahesabiwe. Na hapa sheria imekwenda mbele ya mazungumzo ya chini ya mti. Sheria ya Urithi, Sura ya 160, ilianza kutumika tarehe 1 Julai 1981, na haitofautishi mtoto wa kiume na wa kike, aliyeolewa na asiyeolewa. Kesi iliyofunga mjadala ilitoka hukuhuku. Mkulima mmoja alifariki mwaka 1988 bila wosia, akaacha wake wawili, wana na mabinti, na ekari 192. Mahakama Kuu iliwapa mabinti sehemu ndogo kuliko ndugu zao, hoja ikiwa kwamba wataolewa. Mwaka 2005 Mahakama ya Rufaa, ikikaa Eldoret katika kesi iitwayo Rono dhidi ya Rono, ilikataa hoja hiyo na kuwapa watoto wote haki sawa. Uamuzi huo umekuwepo kwa miongo miwili, na bado kuna vikao vya familia vinavyofanyika Uasin Gishu bila binti hata mmoja kuitwa. Kikao cha namna hiyo hakimalizi kitu. Kinaahirisha kesi tu.

Jambo la kushangaza ni kwamba mila yenyewe haikuwa na ugumu wa leo. Wanandi walikuwa wakijali nyumba iendelee kuliko damu. Mwanamke asiye na mtoto wa kiume aliweza kumwoa mwanamke mwingine, na watoto wa huyo wakawa warithi wa nyumba yake, wenye haki ya ng'ombe na ardhi ya nyumba hiyo. Mwaka 2011 Mahakama Kuu ya Mombasa iliitambua ndoa ya aina hiyo katika kesi ya mirathi. Wajapani walifika mahali palepale kwa njia yao: familia yenye kampuni na isiyo na mrithi anayefaa humchukua mkwe mtu mzima, akabadili jina, akawa mwana. Osamu Suzuki, aliyeiongoza kampuni ya magari ya Suzuki kuanzia mwaka 1978, hakuzaliwa Suzuki. Aliingia kwa ndoa. Babu zetu na Wajapani hao walikuwa wakiuliza nani anaweza kuishika nyumba, kabla ya kuuliza nani amezaliwa wa kwanza.

Basi familia yenye ekari 60, watoto saba na mzee mwenye nguvu bado, inaweza kufanya nini?

Ya kwanza haihitaji wakili. Ni kuhamisha uongozi kwa mafungu. Ng'ombe ni mahali pazuri pa kuanzia, kwa kuwa maziwa hulipa kila mwezi na kosa huonekana mapema. Mwana au binti anayewasimamia apewe akaunti yake ya maziwa, alipe chakula cha mifugo na daktari kutoka humo, na mwisho wa mwezi alete hesabu. Mzee abaki na mahindi. Baada ya misimu miwili au mitatu kila mtu atajua nani anaweza na nani anaongea tu. Katika chama cha ushirika mzee aandikishe mrithi wa hisa zake. Sheria ya vyama vya ushirika inaruhusu, na ni fomu moja.

Wosia ndio unaoogopwa kuliko vyote, eti unaita kifo. Unahitaji maandishi, sahihi na mashahidi wawili au zaidi walioona ikitiwa. Shahidi asiwe mtu anayeachiwa kitu. Wosia wa mdomo unakubalika mbele ya mashahidi wawili, lakini nguvu yake huisha mtoaji asipofariki ndani ya miezi mitatu, kwa hiyo maneno aliyosema mzee kwenye harusi miaka sita iliyopita si wosia, hata kama kijiji kizima kiliyasikia. Na aliyeachwa nje akiwa mtegemezi anaweza kuiomba mahakama impe sehemu.

Anayetaka kugawa akiwa hai, agawe hadi mwisho: bodi ya ardhi, ridhaa ya mke, upimaji, hati mpya. Shida ya njia hii ni hesabu ya kawaida. Ekari 60 kwa watoto saba ni ekari nane na kidogo kwa kila mmoja, na kizazi kinachofuata kitagawa hizo nane. Trekta haligeuki vizuri katika vipande vya ekari mbili, na ng'ombe hawapati malisho.

Ndiyo maana familia chache zimeanza kurudi kwenye wazo lililonunua mashamba haya mwanzoni: hisa badala ya vipande. Shamba linabaki moja, kwa jina la kampuni au la amana ya familia. Watoto wote, wa Ziwa na wa ughaibuni, wana hisa. Anayelima analipwa mshahara kwa kulima, na faida inayobaki inagawanywa kwa hisa. Hapo binti aliye Nairobi hana haja ya kudai kigingi, na kaka aliyebaki nyumbani halimi bure kwa niaba ya wengine. Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yalizipa amana za familia nafasi rasmi zaidi, na Sheria ya Kampuni ya 2015 inaruhusu kampuni kuwa hata na mwanahisa mmoja.

Ruhusa hiyo ya mwisho ina mtego, na tayari wapo walionaswa. Mzee husajili kampuni, huhamishia shamba humo, na hisa zote huziandika kwa jina lake mwenyewe, akiwa ndiye mkurugenzi pekee. Akifariki, kampuni ipo lakini haina wa kuitilia sahihi, na hisa zake ni mali ya marehemu kama ng'ombe na trekta: zitahitaji barua ileile ya chifu, tangazo lilelile katika Gazeti Rasmi na miezi ileile ya kungoja, wakati mvua ya Aprili inanyesha.